Mtoto Atakaye Kutazamwa na Kuachwa Aende: Malezi katika Familia za Handeni na Korogwe

Makala hii inakusudia kueleza jambo linalowasumbua wazazi wengi wa sharika zetu katika wilaya za Handeni na Korogwe, nalo ni mwenendo wa mtoto ambaye leo ataka asiguswe wala asiulizwe, na kesho alalamika kwamba hakuna amjaliye. Wazazi humleta mtoto kama huyu kwa mchungaji wakiwa na shtaka moja kati ya mawili. Wengine husema, "Mchungaji, mtoto huyu amekuwa kiburi." Wengine husema, "Mchungaji, mtoto huyu anadeka mno." Mara nyingi ni mtoto yuleyule, na ni mzazi yuleyule, ila majuma mawili yamepita.

Kiswahili kina maneno yaliyokwisha kulichunguza jambo hili kabla ya wataalamu. Mtoto hudeka anapojifanya hawezi kutembea, ilhali muda mfupi uliopita alikuwa akikimbia na wenzake. Mtoto hususe chakula akiwa na njaa, akaketi mahali ambapo wote wanaokula watamwona kwamba hali. Anayesusa hujitenga, lakini hajitengi mbali. Hujitenga hatua chache tu, ili apate kubembelezwa. Ndani ya kitendo kimoja mna kukataa na mna kuomba. Hata neno letu kujitegemea, ambalo Mwalimu Nyerere alilipa uzito wa kitaifa katika waraka wake wa Elimu ya Kujitegemea wa mwaka 1967, limejengwa juu ya kitenzi cha kutegemea. Ajitegemeaye amewahi kumtegemea mtu mwingine kwanza.

Hoja ya makala hii ni kwamba kutafuta uhuru na kutafuta kuangaliwa si tamaa mbili zinazopigana ndani ya mtoto. Ni mwendo mmoja. Mtoto huthubutu kwenda mbali kwa kadiri anavyoamini kuwa yupo mtu anayemtazama aendapo. Familia inayolielewa jambo hili humlea tofauti na familia isiyolielewa.

Ushahidi wa jambo hili ulipatikana karibu nasi. Katika miaka ya 1954 na 1955 mwanasaikolojia Mary Ainsworth aliishi Uganda, akatembelea mara kwa mara nyumba 26 katika vijiji vilivyo karibu na Kampala, akiwaangalia watoto wachanga 28 pamoja na mama zao. Matokeo aliyachapisha mwaka 1967. Aliona kwamba mtoto aliyeanza kutambaa hamwachi mama na kwenda zake moja kwa moja. Huenda akashika kitu, akageuka kumtazama mama, akaendelea mbele kidogo, akarudi, kisha akaenda tena mbali zaidi. Mama alikuwa kama kituo cha safari. Watoto waliokuwa na hakika ya mama zao ndio waliotambaa kwa furaha kuchunguza mazingira yao. Wale wasiokuwa na hakika hiyo walilia sana na kumng'ang'ania, hata akiwa karibu nao. Wazo lililoenea kwetu, kwamba mtoto akiangaliwa sana atakuwa goigoi, halikupata nguvu katika nyumba zile.

Kuna wakati katika maisha ya mtoto ambapo kutazamwa huku hukatika ghafla, yaani siku mdogo wake anapozaliwa. Daktari Cicely Williams, aliyefanya kazi Gold Coast, nchi ambayo leo ni Ghana, alileta katika vitabu vya tiba mwaka 1935 jina la Kiga ambalo sisi tumelifanya kwashakoo. Wenyeji walimweleza kuwa ni ugonjwa wa mtoto aliyeondolewa pale mwingine anapozaliwa. Daktari alikuwa akieleza upungufu wa chakula, nao waliompa jina hilo walikuwa wakieleza pia mahali pa mtoto katika nyumba. Mtoto aliyeachishwa ziwa hupoteza maziwa na hupoteza mgongo wa mama siku ileile. Wengi wa watoto tunaowaita watundu wakiwa na miaka mitatu wanadai mahali hapo warudishiwe.

Sasa tutazame jinsi familia za eneo letu zilivyokuwa zimejipanga. Wazigua, ambao ni wengi katika Handeni na katika nchi tambarare ya Korogwe, ni miongoni mwa makabila ya mashariki ya Tanzania ambayo kwa jadi yalihesabu ukoo kwa upande wa mama, kama walivyofanya Wanguu, Wakaguru na Waluguru. Katika mpango ule mjomba alikuwa na sauti kubwa juu ya watoto wa dada yake, katika ndoa zao na katika urithi wao. Wasambaa wa milimani kwa upande wao huhesabu ukoo kwa baba. Kwa muda mrefu Uislamu, Ukristo, shule na sheria za serikali vimeisukuma desturi ya Kizigua iegemee zaidi upande wa baba, lakini mjomba hajatoweka. Mchungaji atakayeshauri familia ya Kizigua kuhusu mtoto bila kuuliza mjomba ni nani, huenda akamaliza shauri lake pasipo kuzungumza na mtu ambaye mtoto mwenyewe humwogopa na kumtumaini kuliko wote.

Faida ya mpango huo kwa mtoto ilikuwa kwamba alikuwa na macho mengi yaliyomtazama na milango mingi ya kugonga. Akigombana na baba yake, aliweza kwenda kwa mjomba, akaamkia, "Shikamoo, mjomba," akaketi, na bila kuulizwa neno akapewa kazi ya kufanya na chakula cha jioni. Hakuwa ametoroka nyumbani, kwa maana kwa mjomba napo ni nyumbani. Mtoto aliyezaliwa kabla ya mdogo wake kutembea alipelekwa kwa bibi, na kwa bibi aliruhusiwa kudeka. Tena ziko hatua zilizotangazwa hadharani: jando kwa wavulana, na kwa wasichana mafundisho ya kuvushwa ambayo Elisabeth Grohs aliyaeleza katika kitabu chake Kisazi cha mwaka 1980 kuhusu Wazigua na Wanguu. Mengi katika mafundisho hayo Kanisa limeyakataa, na mimi sisemi yarudishwe. Hata hivyo inafaa kutambua kilichokuwamo. Kijiji kizima kilisimama kumtazama kijana mmoja, kikakiri kwamba tangu siku ile yeye ni mtu mwingine. Alipewa uhuru na macho kwa mara moja.

Tusiipambe jadi kupita kiasi. Mtoto aliyekuwa wa ukoo aliweza pia kutolewa na ukoo. Mwanahistoria James Giblin, katika kitabu chake cha mwaka 1992 kuhusu nchi ya Uzigua, ameonyesha jinsi maisha ya watu wa Handeni yalivyofungamana na njaa, na jinsi wanyonge walivyojiweka chini ya wakubwa waliokuwa na chakula. Wakati wa njaa kali watu waliwekwa rehani, na mtoto alikuwa rehani iliyo rahisi kubebwa. Biashara ya utumwa iliyoshuka kwa bonde la Pangani hadi pwani iliwageuza wengi wa rehani hao kuwa bidhaa. Kazi ya Kanisa letu katika Korogwe inagusa historia hiyo moja kwa moja, kwa kuwa kituo cha Lutindi kilianzishwa mwaka 1896 kiwe makao ya watoto waliookolewa utumwani, kabla hakijawa, mwanzoni mwa karne ya 20, mahali pa kuwatunzia wagonjwa wa akili. Watoto wale hawakuwa na mjomba wa kumgongea mlango. Wanafunzi wanaosoma historia ya Misheni ya Betheli hukariri miaka ya kufunguliwa kwa vituo. Ni vema wajiulize pia mtoto wa Lutindi alimwita nani baba.

Mabadiliko mengine yalikuja na mkonge. Reli kutoka Tanga ilifika Korogwe mwaka 1902, na mashamba yakafuata njia yake. Wafanyakazi waliletwa kutoka mbali, wale walioitwa manamba, na katika kambi za mashamba mtu na mkewe waliishi katika chumba, na watoto wao wakakua bila bibi wala mjomba wa karibu. Hapo ndipo, katika wilaya hii, familia ndogo ya baba, mama na watoto ilipokuwa jambo la kawaida kwa watu wengi, zamani kabla ya watu kuilaumu miji na televisheni. Kazi iliyogawanywa kwa watu wanane ikamwangukia mama mmoja ambaye naye alikuwa na shamba lake.

Katika nyumba ya namna hiyo mtoto hujifunza haraka ni kitu gani humfanya mtu mzima aache kazi na kumtazama. Akifagia uwanja, hakuna asemaye neno. Akivunja mtungi, wote huja. Fimbo nayo ni namna ya kutazamwa, na mtoto mwenye njaa ya kutazamwa atakula hata chakula hicho. Wazazi wengi hushangaa kwamba kadiri wanavyochapa ndivyo utundu unavyozidi. Hawajaona kwamba wanamlipa mtoto kwa sarafu aliyokuwa akiitafuta, tena wanamlipa siku za makosa peke yake.

Hali inayohitaji uangalifu mkubwa zaidi katika siku zetu ni ya mwanafunzi wa sekondari anayepanga chumba. Shule za kata zilijengwa kwa wingi nchini katika miaka ya 2000, na kuanzia mwaka 2016 ada ya sekondari hadi kidato cha nne katika shule za serikali iliondolewa. Haya ni mambo ya kumshukuru Mungu. Lakini kata za vijijini ni kubwa, na si kila shule ina bweni. Mtoto wa miaka 14 ambaye nyumbani kwao ni mbali hupangishiwa chumba karibu na shule, chumba ambacho wanafunzi wenyewe hukiita geto. Hupewa gunia la unga, sufuria na fedha kidogo, kisha mzazi hurudi shambani. Watoto hawa hupika wenyewe, hujiamsha wenyewe, huugua wenyewe. Kwa nje wamekwisha kujitegemea kabisa. Msichana wa umri huo hatachelewa kupata mtu wa kumuuliza jioni kama amekula, naye mara nyingi ni kijana wa pikipiki au mwenye duka. Mimba inapotokea, familia husema tamaa ilimponza. Mimi nadhani katika visa vingi kilichomponza ni kwamba aliulizwa habari yake na mtu mmoja tu.

Kwa wavulana njia ni nyingine. Pale Segera, barabara ya Dar es Salaam inapogawanyika kwenda Tanga na kwenda Korogwe na Moshi, mabasi husimama na vijana huuza machungwa, maji na korosho madirishani. Kijana aliyeacha shule hupata pale kitu ambacho hakukipata nyumbani: mtu humwita, humlipa kwa alichofanya, na jioni anaweza kuhesabu alichokipata. Akimnunulia mama yake kilo ya sukari, siku hiyo baba humwita kwa jina lake. Tunapomhubiria kijana huyo habari ya kurudi shule tufahamu kwamba tunamwambia aache mahali pa kwanza ambapo amewahi kuhesabiwa.

Maandiko yanayo habari inayofanana na haya. Katika Luka 2:41–52 Yesu ana umri wa miaka 12, na wazazi wake wanatembea mwendo wa siku nzima bila kujua kwamba hayupo. Mahubiri mengi huruka jambo hili upesi ili kufika hekaluni. Luka ameeleza sababu: walidhani yumo katika msafara, wakamtafuta kwa jamaa na marafiki. Yusufu na Mariamu hawakuwa wazembe. Walikuwa watu wa ukoo mpana, na walimwamini mtoto kwa ukoo kama anavyofanya mzazi wa Handeni. Udhaifu wa macho mengi ni kwamba kila jicho hudhani jicho lingine linatazama. Baba hudhani yuko kwa mjomba, mjomba hudhani yuko kwa bibi, na mtoto amebaki Yerusalemu.

Mtoto anapopatikana siku ya tatu, mama anasema maumivu yake waziwazi, na mtoto anajibu kwa swali linalomweka mbali nao kidogo: anaye Baba mwingine. Luka anasema wazi kwamba wazazi hawakulielewa neno hilo. Hata hivyo hawakumpiga ili alifute, wala yeye hakukaa hekaluni ili kuthibitisha hoja yake. Alishuka nao Nazareti, akawatii, na mama akayaweka mambo hayo moyoni. Kuyaweka moyoni lile ambalo hujalielewa kwa mwanao, bila kulikemea na bila kulisahau, ni kazi ngumu ya uzazi, na sioni kama tunaifundisha mahali popote katika semina zetu za ndoa.

Habari ya Samweli inawafaa hasa wazazi waliompeleka mtoto kuishi kwa watu wengine. Hana alimtoa mwanawe akiwa bado mdogo sana. Katika 1 Samweli 2:19 tunaambiwa kwamba kila mwaka mama alimshonea kanzu ndogo na kumpelekea. Fikiri maana yake kwa fundi wa nguo. Kanzu ya mwaka jana haitoshi mwaka huu, na anayeshona akiwa mbali hana budi kuwaza mtoto amefikia kimo gani, mikono imerefuka kiasi gani. Kwa kanzu ile Samweli alijua kila mwaka kwamba mama yake anahesabu kukua kwake. Sura ya tatu inapofika, na mtoto akaitwa usiku kwa sauti asiyoijua, anainuka na kwenda kwa mzee Eli mara tatu. Eli, ambaye wanawe wa kuwazaa walikuwa wamemshinda, anafanya jambo jema kuliko yote anayosimuliwa. Anatambua kwamba sauti ile si yake, anamfundisha mtoto jinsi ya kuijibu, na anamrudisha akalale peke yake. Asubuhi anataka aambiwe neno lote, hata likiwa juu yake mwenyewe. Mtu mzima anayeweza kusikiliza hukumu yake kutoka kinywani mwa mtoto ni nadra, na ndiye mtoto humwendea.

Sisi Walutheri tunayo sababu ya pekee ya kuliwaza jambo hili, kwa sababu Matengenezo yenyewe yana ndani yake ugomvi wa baba na mwana. Mwaka 1505 Martin Luther aliingia monasteri ya Erfurt kinyume cha mapenzi ya baba yake, Hans, aliyekuwa amemsomesha awe mwanasheria. Alipoadhimisha misa yake ya kwanza mwaka 1507 baba alifika, na mbele ya wageni akamkumbusha amri ya kuwaheshimu wazazi. Neno hilo halikumtoka Luther. Mwaka 1521, akiwa mafichoni Wartburg, alimwandikia baba yake barua ya kumtolea kitabu chake juu ya nadhiri za kitawa. Ndani yake alikubali kwamba baba alikuwa na haki kuhusu nadhiri ile. Lakini papo hapo alieleza kwamba Mungu, wala si baba, ndiye aliyemtoa katika utawa. Akampa baba heshima yake yote, na dhamiri yake akamwachia Mungu. Mwaka 1525 Luther alipofanya karamu ya ndoa yake, wazazi wake walikuwapo. Erik Erikson, aliyeandika mwaka 1958 kitabu kizima juu ya ujana wa Luther, huenda alijenga mengi juu ya ushahidi mchache. Hata hivyo alikuwa sahihi kuona kwamba swali la uhuru wa Mkristo lilimfikia Luther kwanza kama swali la nyumbani.

Tena Luther mwenyewe akawa baba. Juni 1530, akiwa ngome ya Coburg na amekwisha kupokea habari ya kifo cha baba yake, alimwandikia mwanawe Hans wa miaka minne barua juu ya bustani nzuri yenye watoto, matunda na farasi wadogo. Siku zilezile mambo ya Augsburg yalikuwa yakimngoja. Kuhusu ndoa, mwaka 1524 alikwisha kuandika kwamba wazazi wasiwalazimishe watoto wao kuoa au kuolewa, na watoto nao wasichumbiane bila wazazi. Amri ya Nne, kwa hesabu yetu, hudai utii kwa mtoto. Katekisimo Ndogo ya mwaka 1529 nayo inamtaka mkuu wa nyumba awafundishe walio nyumbani mwake. Mpango huo ulidai mzazi aketi na mtoto na kumsikia akijibu. Sisi tumeihamisha kazi hiyo yote kwa mwinjilisti wa darasa la kipaimara, kisha tunalalamika kwamba vijana wakishapata kipaimara hatuwaoni tena.

Katika mazoezi ya uchungaji, darasa la kipaimara ndilo mahali petu penye nafasi kubwa. Ndiyo hatua pekee iliyobaki kwa vijana wengi wa Kikristo wa huku ambapo jumuiya nzima husimama na kuwatazama mmoja mmoja. Nashauri kwamba kila kijana ahojiwe peke yake angalau mara moja kabla ya siku hiyo, wala si kwa kukaririshwa. Aulizwe anaishi na nani, ni nani humuuliza habari zake, na ni jambo gani angependa aachiwe aliamue mwenyewe. Swali la mwisho litawashtua wazee wengine. Lakini Sheria ya Mtoto namba 21 ya mwaka 2009, kifungu cha 11, inampa mtoto anayeweza kuwa na maoni haki ya kuyatoa na kusikilizwa katika mambo yanayomhusu, na lingekuwa jambo la aibu kama mahakama itamsikiliza kabla ya baraza la wazee wa Kanisa.

Pili ni habari ya barua. Msharika mtu mzima akihama hupewa barua ya utambulisho kwa usharika anaokwenda. Mtoto wa miaka 14 anayekwenda kuishi geto hapewi, kwa kuwa hatumhesabu kuwa amehama. Mchungaji anaweza kumwandikia mwinjilisti wa mtaa ulio karibu na shule, akitaja jina la mtoto, chumba alikopanga, na mtu wa nyumbani wa kuarifiwa akiugua. Na mama mmoja wa mtaa ule akaombwa ampitie mara moja kwa juma, jioni, asikague sufuria wala madaftari, aulize tu habari za siku. Mtoto aisome barua hiyo kabla haijafungwa, na akitaka neno lirekebishwe, lirekebishwe. Shule hufunguliwa Januari. Kwa hiyo orodha ya watoto watakaoondoka yafaa iwe mezani kwa baraza la wazee mwanzoni mwa Desemba, kabla shughuli za Krismasi hazijameza kila kitu.